Zanzibar ya Kampuni ya Pruitt

Avelina alifanya kazi katika jumba dogo la makumbusho huko Fort Worth. Mwaka jana alipewa kazi ya kuandika historia ya Kampuni ya Pruitt, kundi la maigizo lililozunguka Texas kwa treni tangu mwaka 1906, mpaka sinema zilipolinyang'anya watazamaji. Kazi ile aliipenda sana.

Kisha stooni kukapatikana pazia la jukwaani, kubwa kama ukuta wa kanisa, limeandikwa "Zanzibar". Lilichorwa ngamia, minara yenye vichwa vya vitunguu na simbamarara wawili. Mbele yake waigizaji wazungu walijipaka masizi usoni na kucheza kama watumwa wa sultani. Avelina aliyaandika hayo yote.

Mkurugenzi, Bwana Hensley, alimsifu, halafu akakata maandishi. Masizi yakaondoka, zikabaki treni, nyimbo na makofi. Alisema watu huja makumbusho kufurahi. Tena akamwomba siku ya ufunguzi wa maonyesho avae kanga, asimame kando ya pazia, akaribishe wageni.

"Mimi ni mtu wa Moshi," Avelina alimwambia. "Na Zanzibar hakuna simbamarara."

Hensley alicheka. Avelina akakataa. Nyumbani Grand Prairie, mumewe Elia alimwambia awavumilie, ni siku moja tu, na maneno hayo yalimkera kuliko ya bosi.

Siku ya ufunguzi alifika amevaa suti yake ya kazini. Kando ya pazia alimkuta Nyaboke, nesi Mkenya aliyekuwa akisali naye kanisa moja na aliyewahi kumtembelea kazini, amejifunga kanga, anapigwa picha na wazee wawili. Nyaboke alimkumbatia kwa furaha. Ofisi ya makumbusho ilikuwa imempigia simu na kumwambia kwamba Avelina ana udhuru, naye akaona anamwokoa rafiki yake.

"Wananiuliza kama kwetu kuko hivi," alisema. "Nawaambia mimi ni wa Kisii, lakini hawasikii. Kwani hii picha ni ya nini?"

Avelina alimweleza palepale habari ya masizi. Nyaboke aligeuka, akalitazama pazia. Halafu akafungua kanga, akaikunja, akabaki na jinzi yake.

"Ungeniambia mapema, dada," alisema polepole.

Avelina akawageukia wageni na kuanza kuwasimulia kwa Kiingereza yale yaliyokatwa. Wachache walisikiliza hadi mwisho. Wengine walisogea taratibu kwenye meza ya keki. Hensley alisimama mlangoni akitabasamu.

Jumatatu Avelina aliomba maandishi yake yarudishwe. Akajibiwa kwamba mabango yamekwishachapishwa, na maonyesho yanahamia Houston mwezi ujao vilevile yalivyo, jina lake likiwa chini kama mwandishi.

Akaomba basi, angalau jina lake liondolewe.

Hilo Hensley alilikubali siku hiyohiyo.