Asiye na Kaburi Haliliwi

Cibalonza alifika Reynoldsburg, kitongoji cha Columbus huko Marekani, akiwa amefura kwa hasira tangu Buffalo. Alikuwa ameomba ruhusa kiwandani Tonawanda, akapanda basi, akakaa humo mchana kutwa magoti yakimuuma, kwa jambo moja tu: kumwomba shemeji yake Eliezer, kwa mara ya mwisho, wamkalie kilio mume wake.

Mume wake, Mushagalusa, alizama na boti kwenye Ziwa Kivu mwaka 2004, na mwili wake haukuonekana. Eliezer, kaka mkubwa, ndiye mwenye neno katika ukoo, na neno lake halikubadilika hata mwaka mmoja: asiye na kaburi haliliwi, ukimlilia, wewe ndiye umemuua. Basi Cibalonza akabaki hivyo hivyo, si mke, si mjane. Kanisani kwao Buffalo, mtaa wa West Side, wajane wakiitwa mbele kuombewa, yeye hubaki kitini. Mwanamume akimsalimia mara mbili, simu zinalia Columbus mpaka Louisville. Ukoo mzima unamlinda mke wa mtu aliyeliwa na samaki!

Eliezer alimpokea kwa furaha ya kukera.

"Shemeji, umefika siku muzuri. Bon, mambo ya famille tutaongea kesho. Leo munakuja kuniona ku kazi."

Mama yake Eliezer, Generoza, naye alikuwa ameletwa kutoka Louisville, kitenge kimepigwa pasi, aje amwone mwanawe akiheshimiwa na Wazungu.

Eliezer alikuwa mhudumu katika nyumba ya kutunzia wazee. Kila Aprili wazee wale huwakumbuka waliokufa na meli ya Titaniki, kwa sababu bibi mmoja pale alimpoteza humo mjomba wa mama yake. Wanavaa vizuri, wanakula, kisha wanasoma majina machache na kuwasha mishumaa. Mwaka huo, 2015, Eliezer alichaguliwa kulisoma jina la mjomba huyo.

Akasimama na suti yake, akawasha mshumaa, akasoma. Bibi akaeleza kwamba kijana huyo alikuwa anakuja Marekani kutafuta kazi, na mwili wake haukupatikana kamwe. Eliezer akainamisha kichwa. Machozi yakamtoka, machozi ya kweli kabisa, yakalowesha tai.

Damu ikamchemka Cibalonza. Kumbe bwana huyu machozi anayo! Anayo tele, ila amewawekea watu asiowajua hata sura. Akasimama katikati ya meza za watu.

"Eliezer!" Hakusema shemeji. "Uyu unamulilia, kaburi yake iko wapi?"

Eliezer akashtuka. "Shemeji, si hapa. Hii ni kazi tu."

"Kama ni kazi, machozi iko ya nini? Muzungu alikufa mu maji mbele baba yako azaliwe, unamulilia. Mudogo wako, mulinyonya titi moja, ulimunyima. Donc samaki ya kwetu ndiyo haikulaka watu?"

"Unataka tumuue?"

"Maji ndio ilimuua! Mimi ndio weye uliua!"

Wazee wakaacha vijiko. Msimamizi akaanza kuja, akitabasamu kwa wasiwasi. Ndipo Generoza akanyanyuka. Cibalonza akajikaza, akajua sasa atakemewa mbele ya watu. Lakini mama mkwe akafungua kilemba chake, akajishusha taratibu mpaka kwenye zulia, akanyoosha miguu mbele wanavyokaa wafiwa.

"Nilikuwa nangoja mukubwa aseme," akasema. "Nimechoka kungoja. Mutoto yangu alikufa. Eliezer, kaa chini, anza."

Kwao kilio huanzishwa na mkubwa, na akikataa mbele ya mama yake amejivua ukubwa mwenyewe. Eliezer akautazama mlango, akamtazama msimamizi, akamtazama mama yake. Akavua koti, akaketi. Akalitaja jina la mdogo wake mara moja, kisha sauti ikamtoka yote. Bibi mwenye mjomba akasimama kwa heshima, ingawa hakuelewa hata neno.

Cibalonza naye akaketi, akamlilia mume wake kwa sauti aliyokuwa ameibana miaka yote ile. Eliezer akanyoosha mkono amshike bega. Cibalonza akausukuma.