Mkono wa Kwanza Haujakauka

Chandu hajui kukaa kimya, na hilo hata marehemu mkewe alilisema mpaka siku ya mwisho. Kwa hiyo rafiki yake Muhiddin alipoacha kuja dukani, mtaa mzima wa Gerezani ulijua, maana Chandu alianza kuongea na makopo ya rangi.

Duka lenyewe liko upande ule unaopakana na Kariakoo. Ukishuka kwenye basi la mwendokasi hutembei sana, harufu ya thina ya kuchanganyia rangi inakufuata yenyewe. Kwa miaka thelathini na nane utaratibu ulikuwa ule ule: Chandu anauza rangi, Muhiddin anaipaka. Mteja akinunua kopo anaambiwa fundi yuko nje kibarazani, na akimpa mwingine kazi asije hapa kulia. Muhiddin naye, na ovaroli lake lililokuwa jeupe zamani hizo, anajifanya hasikii huku kifua kimemjaa.

Basi mwaka jana Muhiddin akapata kiharusi. Kilikuwa kidogo, tunashukuru. Mguu ulirudi, mdomo ulirudi, ila mkono wa kulia ukabaki unatetemeka. Akaenda kupaka mlango wa duka moja la vitenge, mlango mmoja tu, na kesho yake akipita akamkuta kijana mwingine anaukwangua na kuupaka upya. Mwenye duka hakumwambia neno, na kule kunyamaziwa ndiko kulikomuuma. Akarudi kwake Ilala, akagawa brashi zake zote, akajifungia ndani. Ukimpigia simu anapokea mkewe, Bi Mauza: "Amelala, shemeji." Saa nne asubuhi, amelala! Mtu aliyekuwa macho kabla ya adhana!

Chandu alimwendea mara tatu. Mara zote tatu walikaa sebuleni kama watu waliokuja kuposa, chai inapoa, Muhiddin anaangalia ukuta. Mara ya tatu Chandu alirudi nyumbani akamwambia binti yake, Alpa, "Huyu mtu tunampoteza. Hafi, lakini tunampoteza." Akalia. Chandu hana aibu na machozi.

Alpa ndiye anayeliendesha duka siku hizi, na ndiye aliyemwekea baba yake gemu kwenye tableti, walau awaache wateja wapumue. Ni gemu la kukarabati nyumba. Unapewa nyumba iliyochoka, na pembeni kuna orodha ya kazi: toa takataka, safisha madirisha, paka chumba cha kulala rangi ya kijani, funga bomba la kupasha nyumba joto. Kila ukimaliza kazi, inajitiki yenyewe. Mwisho mwenye nyumba anakupa nyota, kuanzia moja mpaka tano.

"Kupasha nyumba joto!" Chandu alishangaa. "Hawa watu wanaishi wapi, ndani ya friji?"

"Baba, fuata orodha tu. Na rangi ya humu ukishapaka imekauka hapo hapo, usisubiri."

Chandu aliitikia kwa kichwa. Alisikia vizuri kabisa na alielewa vizuri kabisa. Nalisema mapema ili baadaye mtu asije akamtetea.

Kesho yake akaenda Ilala na tableti kwapani. "Muhiddin," akasema kabla hajakaa, "nimepata kazi, imenishinda."

Chandu akaiweka tableti mezani, akaanza kupaka ukuta wa yule mzungu mwenye nyumba wa kwenye gemu. Akapaka juu ya nyufa. Akapaka kitanda kikiwa bado kimeegemea ukuta. Akaanzia chini kwenda juu. Alikuwa anaharibu kwa makusudi, au tuseme nusu kwa makusudi, maana hata angetaka kupatia asingeweza. Muhiddin alivumilia dakika tano. Shingo ilianza kumgeuka, kisha kiti, mwishowe mtu mzima akasogea.

"Unafanya nini wewe?"

"Nafuata orodha."

"Orodha kaiandika nani?"

"Mwenye nyumba."

"Mwenye nyumba anajua nini? Angekuwa anajua angekuita wewe? Futa! Futa yote!"

Hayo ndiyo yalikuwa maneno yake mengi zaidi kwa miezi miwili. Jikoni kijiko kilianguka, na Bi Mauza akachungulia mlangoni na kanga yake mdomoni.

Sasa lile gemu lina sehemu ya kuandika kazi zako mwenyewe. Muhiddin hakutaka kuigusa tableti kwa ule mkono, kwa hiyo yeye alitaja na Chandu akaandika. Toa kitanda. Toa kabati. Ziba nyufa. Subiri. Piga msasa. Futa vumbi. Anza na dari. Pale mwenye nyumba alipoandika kazi sita, Muhiddin alitaja ishirini na tatu. Gemu linasema ukipaka sehemu kubwa ya ukuta inatosha, linatiki. Muhiddin hakubali. Nyuma ya kabati lazima papakwe.

"Hapaonekani," Chandu alisema.

"Mimi napaona."

Walipomaliza rangi ya mwanzo, ile ambayo mafundi wanaiita mkono wa kwanza, Chandu akapeleka kidole aanze mkono wa pili. Muhiddin akakipiga kofi kile kidole.

"Una wazimu? Mkono wa kwanza haujakauka!"

Hapo ndipo Chandu alipopaswa kusema. Mdomo ulikuwa wazi kabisa. Lakini akamwona mwenzake ameegemea kiti, kanyoosha miguu, kaita chai, vile vile alivyokuwa akifanya saiti wakati ukuta unakauka. Na akaanza kusimulia, mwenyewe, bila kuulizwa, habari za mchuuzi mmoja wa samaki pale soko la Feri aliyemtaka apake nyumba nzima rangi ya samaki aitwaye changu, akaja na changu mwenyewe ndani ya ndoo ili wasikosee, na kufika saa nane mchana hakuna aliyeweza kuingia chumba kile chenye ndoo. Alicheka mpaka akakohoa. Chandu alikuwa ameisikia hadithi hiyo mara mia. Akafunga mdomo wake.

"Tusubiri saa ngapi mpaka ikauke?" aliuliza.

"Nne. Leo kuna unyevu, sema tano."

Basi ikawa hivyo kila siku. Asubuhi Chandu anapanda bajaji na mfuko wa vitafunio vya chevda, wanapaka dakika kumi, wanasubiri rangi kwa saa tano. Wakati wa kusubiri walikula, walibishana kuhusu mpira, Muhiddin akiswali mwenzake anapunguza sauti ya redio, kisha wanaangalia kama ukuta umekauka. Muhiddin anainamia kioo, anatazama kwa makini, anasema, "Bado pale pembeni." Na Chandu, Mungu anamwona, anasema, "Kweli, bado."

Mwenye nyumba wa kwenye gemu akaanza kutuma ujumbe. Nyumba yangu lini? Siku zimebaki mbili. Siku imebaki moja. Mwishowe akawapa nyota moja.

"Nyota moja?" Muhiddin alisimama. "Mimi? Nimepaka misikiti, nimepaka benki, nimepaka hekalu lenu na wazee wenu wakaja kunishika mkono! Mwandikie!"

"Hakuna pa kumwandikia."

"Mtafute!"

Alizunguka sebule nzima akifoka. Bi Mauza alimvuta Chandu ukumbini, akamnong'oneza, "Shemeji, jana usiku amenigombeza kuhusu chumvi. Alhamdulillahi!" Macho yake yalikuwa yanang'aa, na Chandu akaona kwamba uongo wake ni dawa, na dawa haina dhambi. Tatizo lake ni hilo, anajisamehe haraka.

Ilipofika wiki ya tatu, Alhamisi, wakiwa wanairudia nyumba ile ile, Chandu alisahau chaja ya tableti dukani. Alpa, mtoto mwenye adabu zake, akaipeleka mwenyewe mpaka Ilala.

"Shikamoo, ami."

"Marahaba, mwanangu. Kaa, upate chai. Tunasubiri rangi ikauke."

Alpa akacheka. Hakuwa na ubaya wowote, alidhani ni utani wa wazee. "Ami naye! Humu rangi haisubiriwi, ukipaka tu imekauka. Si nilimwambia baba siku ile ile ya kwanza?"

Muhiddin aliweka kikombe chini taratibu, akamgeukia Chandu.

"Alikwambia?"

"Aliniambia," Chandu alisema.

"Siku ya kwanza?"

"Ya kwanza."

"Wiki tatu unanifanya mtoto. Mimi nainama hapa natazama ukuta, na wewe unasema bado, bado." Sauti yake haikupanda hata kidogo. "Kule dukani kwa vitenge hawakuniambia. Na wewe hukuniambia."

Muhiddin akaingia chumbani, akaurudisha mlango polepole mpaka ukajifunga. Angeubamiza ingekuwa afadhali.

Siku ile Chandu hakula. Alpa alimwomba msamaha mara kumi, naye akamwambia kosa si lako, mwanangu, ni mimi niliyemfanya mgonjwa mtu aliyetaka kuwa fundi. Asubuhi akaoga, akavaa shati la sikukuu, akaenda Ilala kuomba radhi. Njiani alipanga maneno mazuri sana. Bi Mauza akafungua mlango.

"Hayupo, shemeji."

"Bi Mauza, usinifiche. Najua amelala."

"Wallahi hayupo. Ametoka saa mbili, kavaa ovaroli. Nimemuuliza unaenda wapi, kanijibu, 'Kazini.' Kazi gani, shemeji? Mimi moyo umenipaa."

Wa Chandu nao ulipaa. Alifikiria ule mkono, alifikiria ngazi, alifikiria mtu mkaidi aliyeamua kuthibitisha jambo akiwa juu ya ghorofa ya watu. Alirudi dukani na bajaji akimhadithia dereva kisa chote, ingawa dereva hakumuuliza, mpaka dereva naye akaanza kupiga honi kwa hasira.

Muhiddin alikuwa ameketi kibarazani, mbele ya duka la rangi. Ndani, Alpa alikuwa amesimama nyuma ya kaunta, anamkonyeza baba yake asije akaharibu.

"Umechelewa kazini," Muhiddin alisema.

"Nilikuwa kwako."

"Kufanya nini?"

"Kuomba radhi."

"Haya, omba."

Yale maneno mazuri yote yalikuwa yamebaki kwenye bajaji. "Nisamehe," Chandu alisema. "Ningekwambia ukweli, ile nyumba tungeimaliza kwa nusu saa, ungenirudishia tableti yangu, na mimi ningerudi hapa kuongea na makopo. Nimekumisi, bwana. Duka halikaliki. Nilitaka ukae na mimi, basi, sikuwa na njia nyingine."

"Ungesema hivyo hivyo."

"Ningesema ungekuja?"

Muhiddin alifikiri kwa haki, kama anayekagua ukuta. "Nisingekuja," alikubali. Mkono wake ulikuwa juu ya goti, unatetemeka mbele ya Kariakoo nzima, na hakuuficha. "Jana nimekutukana mpaka Mauza kaniambia nimpishe alale. Kisha nikasema, huyu Muhindi anajua kabisa hakuna ukuta, hakuna rangi, na bado kakaa saa tano kila siku anasubiri ikauke. Sasa mtoto hapa ni nani?"

"Ni mimi."

"Ni wewe. Keti."

Hawajamaliza kukaa vizuri, akaja mama mmoja mwenye saluni, anataka rangi ya ukuta wa ndani. Akatoa simu, akawaonyesha picha: ukuta umevimba, rangi inabanduka kama ganda la kiazi. Chandu alinyanyuka akachukue kopo. Muhiddin akamshika shati.

"Kopo la nini? Maji yanatoka wapi, mama? Nyuma ya huo ukuta kuna choo?"

"Kuna bafu, mzee."

"Umeona? Chandu, karatasi. Andika. Moja, fundi bomba kwanza. Mbili, kwangua mpaka kwenye plasta. Tatu, acha dirisha wazi." Akaendelea hivyo, taratibu, na kila kazi alimweleza yule mama sababu yake, akimwangalia usoni kuona kama ameelewa.

"Mzee, wewe mwenyewe utakuja kunipakia?" mama akauliza.

Alpa aliacha kuhesabu brashi. Chandu alitaka kusema chochote, hata habari za mvua, lakini safari hii aliuma ulimi.

"Hapana," Muhiddin alisema. "Mkono wangu haupaki tena." Hakuwahi kulitamka hilo mbele ya mtu, hata mbele ya mkewe. Akaendelea. "Atapaka fundi wako. Orodha ni yangu. Akiruka hata kazi moja, mlete hapa kwangu, nipo kila siku. Chandu, unaandika au unanitazama? Nane, mkono wa kwanza. Tisa, subiri siku mbili."

"Siku mbili nzima!" mama akaruka. "Sasa siku mbili zote mimi nifanye nini, saluni imefungwa?"

Muhiddin alimtazama Chandu, hakumtazama yule mama.

"Tafuta mtu ukae naye."

Chandu akaliandika na hilo, namba kumi.