Mkono Ndani ya Picha

Kwa miaka thelathini alitengeneza filamu ambazo hakuna aliyemtuma azitengeneze. Wenzake walikimbilia harusi za wakubwa na matangazo ya sabuni. Yeye alimfuata mwanamke aliyeshona macho ya midoli, kisha mzee aliyekusanya funguo zisizo na makufuli. Mama yake mzazi alimwuliza mara nyingi, "Mwanangu, watu wa kawaida hukuwaona?" Aliwaona sana, ila walimchosha.

Enzi hizo kikosi kizima kilikuwa watu wawili: yeye nyuma ya kamera, na mumewe ameshika kipaza sauti kwenye fimbo ndefu. Leo ni mjane, amekaa peke yake kwa fundi anayesafisha filamu za zamani, maana ile ya funguo itaonyeshwa tena mwezi ujao. Mkanda wenyewe ulikuwa umeoza. Ulikubali kunakiliwa mara moja tu, ukakatika vipande vipande.

"Tazama, Mama," fundi alisema kwa fahari. "Lile kosa nimelifuta. Mtu hawezi kujua kama lilikuwepo."

Kosa lenyewe alilijua vizuri mno. Mzee wa funguo aliinua kaufunguo kamoja akasema, "Huu ulikuwa wa moyo wa mke wangu. Siku hizi amebadilisha kitasa." Mumewe akaangua kicheko, fimbo ikashuka, kipaza sauti na mkono wake vikaingia ndani ya picha. Yeye alimfokea mumewe njia nzima mpaka nyumbani. Filamu ilipotoka watu waliicheka, naye akakosa raha mwaka mzima. Mumewe wala! "Sasa mimi ni mwigizaji," alikuwa akisema huku akipakua chakula. "Mbona jina langu huliweki kwenye wahusika?"

Picha ikapita, safi. Mzee akainua ufunguo. Kicheko kilisikika, lakini juu ya kichwa cha mzee palikuwa na ukuta mtupu.

Mjane akashtuka: mkono haupo. Mumewe alichukia kupigwa picha; nyumbani ipo moja tu, ya harusi, amekakamaa kama aliyemeza fimbo yake mwenyewe.

"Ile nakala ya kwanza, kabla hujasafisha, unayo?"

Fundi akajikuna shingo. "Huwa nazifuta, Mama, nipate nafasi. Hebu ngoja."

Akafungua huku, akafunga kule kwenye kompyuta. Mama wa watu ameukumbatia mkoba wake, hata kupumua anaogopa.

"Hii siyo... Hii pia siyo... Aa! Ipo kwenye takataka. Bahati yako sijazimwaga."

Kicheko kikaja, na mkono ukashuka: saa yenye mkanda uliofungwa kwa uzi, kidole gumba kilichopinda, vyote vinatikisika kwa furaha. Alimkumbuka mno. Machozi yakamtiririka, wala hakuyafuta.

"Kosa nilirudishe?" fundi aliuliza taratibu.

"Lirudishe. Na pale kwenye wahusika, chini ya mzee wa funguo, kuna jina nataka uongeze."