Kigandisho cha Mama Safiya

Mwaloni Nkome, wanakoshushia samaki kutoka ziwani, kigandisho ni kitu cha kawaida kama beseni. Ni kisanduku cha bati chenye betri chini na taa ya kijani kwenye kifuniko. Ukikifunga na taa ikawaka, wakati ndani yake husimama. Sangara aliyeingia akipigapiga mkia leo, wiki ijayo atatolewa sokoni Katoro akiupigapiga mkia uleule. Tatizo lake ni kwamba hugandisha chochote kilichomo, hata kisichotakiwa. Juliana, muuza dagaa, aliwahi kufungua chake akakutana na chafya yake mwenyewe ya juma lililopita, akaruka nusura aangukie chanja la dagaa.

Jirani yake, Mwasiti, alikuwa na vigandisho viwili. Kimoja alibebea samaki. Cha pili kilikaa uvunguni mwa kitanda, taa ikiwaka tangu asubuhi ile Safiya, binti yake wa pekee, alipoondoka kwenda Katoro kuolewa na Ignas, mchimbaji dhahabu ambaye mama mtu hakutaka hata kulisikia jina lake. Si dini peke yake iliyomkera. Kilichomuuma zaidi ni kwamba hakuulizwa.

Asubuhi ile Safiya alisimama mlangoni na begi lake. "Shikamoo, mama."

Mwasiti akaendelea kuparua samaki.

"Mama, shikamoo."

Magamba yaliruka huku na huku, mdomo haukufunguka. Jamani, kumnyima mtoto marahaba! Hata mlevi akikuamkia njiani unamwitikia. Mwasiti akabeba ndoo yake, akaenda ziwani. Aliporudi binti hayupo, na kigandisho kimoja kimefungwa, kimezungushiwa kanga ya Safiya na kupigwa fundo.

Kuna nini ndani? Alikinyanyua, kikawa chepesi. Akakitikisa, hakikulia.

"Mayu, mama yangu, fungua tuone," Juliana alimsihi kila walipokutana, udadisi ukimwasha kuliko mwenye mali. "Labda kakuachia pete. Labda kakuachia laana."

"Kikae hivyohivyo," Mwasiti alijibu, akijifanya hajali.

Kumbe alikuwa akikitoa uvunguni kila siku na kukitazama. Alitaka sana kujua, na aliogopa sana. Kilichomo kingetoka mara moja tu, basi. Simu za Safiya alikuwa amekataa kuzipokea mpaka zikakoma zenyewe, na kumpigia aliona ni kujishusha. Kwa binti yake alikuwa amebakiwa na hicho kisanduku tu.

Ndipo taa ilipoanza kupepesa. Mwasiti alikikumbatia mpaka Katoro, kwa Nazir, anayeviuza na kuvitengeneza.

"Betri inakufa, Mama Safiya," Nazir alisema. "Haitafika jioni, na siwezi kuibadilisha bila kufungua. Usipokifungua mwenyewe, taa ikizimika kilichomo kitajiishia humohumo, hutakijua kamwe."

"Unadhani ni nini?"

"Mimi nauza vigandisho. Vilivyomo ni vyenu wenyewe," alisema Nazir, lakini shingo ilikuwa imekwisha kumrefuka.

Mwasiti akafungua fundo. Akainua kifuniko.

Kwanza akawika jogoo, jogoo yule aliyekwisha kuchinjwa sikukuu ya Idi. Ikafuata harufu ya mafuta ya nazi ya nywele za Safiya. Kisha sauti, karibu kabisa na uso wake:

"Shikamoo, mama."

Basi. Hapakuwa na pete wala laana. Ilikuwa ni salamu ya tatu, iliyokaa uvunguni miezi yote hiyo ikingoja kuitikiwa. Mwasiti aliona aibu ya kweli, akalia palepale mbele ya wateja.

Betri mpya ilipowekwa, alimwomba Nazir asogee kando. Akainamia kigandisho, akanong'ona maneno yake, akafunga. Taa ikawaka kijani.

"Si uende ukamwambie mwenyewe? Anakaa hapo nyuma ya soko," Nazir alisema.

"Najijua. Nikimwona nitaanza kugomba. Nitakiacha mlangoni niondoke."

Lakini alipofika kwa Safiya, hata hajakiweka chini, mlango ulifunguliwa. Safiya alikuwa na ujauzito mkubwa, uso umemjaa. Alimtazama mama yake, akasita, halafu akasema taratibu, "Shikamoo, mama."

Mwasiti akafungua mdomo. Kilio kikatangulia, neno halikutoka. Akamwona binti yake akiinamisha macho vilevile kama siku ile, mkono ukirudi kwenye mlango. Kwa hofu akamsukumia kigandisho mikononi.

Safiya akakifungua.

"Marahaba," ikasema sauti ya mama yake. "Hiyo ni ya kwanza. Ya pili, marahaba. Ya tatu, marahaba, mwanangu. Na huyo Ignas wako, mwambie naye aje aniamkie. Nitamwitikia."