Nyuso za Waimbaji Elfu Tatu

Usingizi uliomchukua Zuhura Shemndolwa alasiri ile, kichwa juu ya meza ya maktaba na hedifoni bado masikioni, ulikuwa usingizi wa mtu anayeikimbia aibu. Asubuhi alikuja mwanamke aitwaye Tabu Mhando. "Mama yangu alirekodiwa akiimba nyimbo za kusaga nafaka, mwaka themanini na tatu," alisema Tabu. "Alifariki siku aliyonizaa. Nataka kumsikia, hata mara moja tu." Zuhura alifungua kompyuta, zikajipanga rekodi elfu tatu: Sauti 1, Sauti 2, Sauti 3. Jina hata moja halikuwemo. Majina yalikuwa kwenye vikaratasi ndani ya vikasha vya kanda, na Zuhura mwenyewe ndiye aliyevitia moto mwaka jana, kwa sababu vililiwa na mende, na kuvinakili kungechelewesha kazi, na wageni wa uzinduzi wa mkusanyo huu wa kompyuta walikuwa njiani. "Sikiliza moja moja, labda utamtambua," alimwambia, na papo hapo akatamani ardhi ipasuke immeze. Tabu akamuuliza, "Nitamtambuaje, dada? Sijawahi kumsikia."

Basi ndotoni akajikuta kwenye nchi tambarare isiyo na jua wala kivuli, imejaa wanawake waliompa mgongo, kila mmoja amepiga magoti mbele ya jiwe lake akisaga na kuimba. Zuhura alizunguka amwone mmoja usoni, akarudi nyuma kwa hofu. Hapakuwa na macho wala mdomo, ila ngozi laini kama kitako cha chungu, na wimbo ukitoka humo humo. Akatokea bwana mmoja aliyevaa vizuri, viganja vimejaa majivu, akamkumbatia kama ndugu. "Karibu, mwenzangu! Mimi Haraka. Kazi yetu ilipendeza, au siyo? Wageni walipiga makofi." Zuhura alijitoa mikononi mwake, na majivu yakabaki kwenye gauni lake.

Nyuma ya Haraka alikuja mama mwenye kikapu kitupu, akasema jina lake ni Ukumbusho. Alizungumza polepole, bila hasira, na hilo ndilo lililomuumiza zaidi Zuhura. "Hawa hawajapotea, mwanangu. Aliyepotea hutafutwa. Hawa wapo, na kuwapo bila kujulikana ndiko kunakowatesa. Nani aliimba, wapi, lini, nani alikuwa kando yake: wewe uliyaita makaratasi. Hizo ndizo zilikuwa nyuso zao."

"Nionyeshe mama yake Tabu," Zuhura alilia. "Mmoja tu, nakuomba."

"Nilikuwa nikisoma vile vikaratasi. Sasa nimebakiwa na masikio ya walio hai, nayo yanazidi kufungwa."

Hapo jiwe moja likanyamaza, na sauti ikauliza taratibu, "Mwanangu alipona?" Zuhura aligeuka upesi, akaanza kukimbilia sauti ilikotoka. Lakini mawe yote yalikuwa yamenyamaza, na wanawake elfu tatu wakamgeuzia zile ngozi laini, wakauliza kwa pamoja, "Mwanangu alipona?" Alitaka kujibu ndiyo, amepona, amekua, amekuja leo kukutafuta. Hakujua amjibu nani.

Alizinduka shavu likiwa limelowa. Masikioni mwanamke bado aliimba, jiwe likikwaruza chini ya wimbo, kisha kikohozi kifupi, kisha kimya. Sauti 1846. Huenda ndiye. Huenda siye, na Zuhura mwenyewe ndiye aliyefanya pasiwe na wa kusema. Masikio ya walio hai, aliwaza, na mkono ukaikimbilia simu kabla akili haijatulia.

"Dada Tabu, kuna mtu yeyote aliye hai aliyewahi kumsikia mama akiimba?"

"Yupo shangazi yangu, Bi Mwanahamisi. Walikuwa wakisaga pamoja. Amebaki yeye peke yake. Ila masikio yake nayo yanakwenda. Siku hizi mpaka umpigie kelele. Nimlete wiki ijayo?"

"Hapana," alisema Zuhura, na tayari alikuwa amevuta karatasi nyeupe na kalamu. "Mlete leo."