Mahakama Mbili, Mfereji Mmoja

Picha ya Arsalan Bhatti ilikuwa gazetini tena, shada la waridi shingoni, na Wajdan Sial aliitazama mpaka chai yake ikafanya utando. Walisoma sheria pamoja mjini Multan, chumba kimoja, sahani moja. Aliyemfundisha Arsalan kuandika ombi la kumtoa mtu kizuizini alikuwa yeye Wajdan. Leo Arsalan ana jina kubwa wilaya ya ng'ambo ya mfereji, naye Wajdan yuko upande huu, anabishania mipaka ya mashamba ya miwa.

Mbele yake aliketi Sakina Bibi, ncha ya shela mdomoni. Mwanawe, Akmal, alikamatwa siku tatu zilizopita na polisi wa kituo cha Kot Sarang, upande huu wa mfereji. Hakuandikwa daftarini, hakupelekwa kwa hakimu. Jana Wajdan alipeleka ombi, na jaji akamtuma mjumbe wa mahakama kituoni bila taarifa, kama ilivyo desturi. Mjumbe alikuta mahabusu tupu, imefagiliwa.

"Wamemvusha daraja," mama alikuwa amemwambia tangu alfajiri. "Binamu yake kamwona kwenye kituo kidogo cha ng'ambo. Hawezi hata kusimama."

Sasa ilikuwa alasiri. Mkono wa jaji wa hapa unaishia katikati ya daraja, na kutwa nzima Wajdan alikuwa amepekua vitabu akitafuta kifungu cha kuurefusha. Hakukipata. Kwenda kule mwenyewe ilikuwa hatari zaidi: makarani wangemtambua, simu ingepigwa, na Akmal angerudishwa huku kabla wino haujakauka. Alihitaji wakili wa kulekule, asiyegeuziwa shingo akiingia mahakamani.

Namba hiyo aliijua kwa moyo.

"Leo umenikumbuka," Arsalan akacheka. "Nilidhani umeshakufa kwa wivu."

"Bado. Nangoja nikuzike wewe kwanza. Sikiliza."

Alimweleza yote. Arsalan akaona tatizo mara moja.

"Polisi wa kwenu wakiona umenyamaza ghafla, watashtuka. Watamhamisha tena."

"Sitanyamaza. Kesho asubuhi nitaingiza ombi la pili hapa, saa ileile utakayoingiza lako. Kwa kelele, macho yao yabaki huku."

"Mjumbe wako atakuta patupu tena. Utachekwa, ndugu yangu."

"Najua. Wewe andika jina lako, Bhatti saheb. Kwa herufi kubwa, kama upendavyo."

Asubuhi Wajdan alipaza sauti mahakamani kama muuza matikiti. Mjumbe akatumwa tena Kot Sarang. Inspekta akamfungulia kila mlango, akamnywesha chai, akamwonyesha hata jikoni. Mjumbe akarudi mikono mitupu.

Jaji akavua miwani. "Wakili, mara ya pili hii unaichezea mahakama. Ombi limetupwa."

Nyuma, mawakili wenzake wakakohoa vicheko. "Mtafute chini ya meza," mmoja akanong'ona, "labda kajificha."

Wajdan akakusanya karatasi zake polepole. Kila dakika aliyoikawiza ilikuwa dakika ya Arsalan, na hilo lilimchoma kuliko vicheko.

Saa saba simu ikalia. Mjumbe wa ng'ambo alimkuta Akmal amefungwa kwenye mguu wa kitanda. Jaji wa kule alimwachia hapohapo.

Wajdan alivuka daraja. Uani mwa mahakama, Sakina Bibi alikuwa akimlisha Arsalan laddu, vile vitamu vya mviringo vya sherehe, kwa mkono wake, na Akmal, midomo imevimba, ameegemea bega la wakili huyo kama la kaka. Arsalan alimwona, akafungua mdomo ili aseme ilivyokuwa. Wajdan akatikisa kichwa. Uani palijaa makarani, na ujanja ukisikika mara moja hautamtoa mtu mwingine.

Mama akamjia na laddu moja.

"Usinielewe vibaya, mwanangu," alisema. "Lakini kwa nini hukunileta kwa huyu tangu jana alfajiri?"

Wajdan alitazama vifundo vya mikono ya Akmal, vilivyochubuliwa na kamba ya siku moja zaidi.

"Nilimwonea wivu, Amma," akasema.

Mama aliitazama laddu mkononi mwake. Kisha akairudisha kwenye boksi, akaenda kumshika mwanawe.