Wa Kwanza Kukiri

Tangu siku alipopiga ile simu, Mzoxolo Ntshinga hakuweza tena kula kwa rafiki yake Fundile bila tonge kumkwama kooni. Na alikuwa akila huko kila Jumapili baada ya kanisa, kwa sababu angefanyaje? Kuacha kwenda ghafla kungekuwa sawa na kukiri, na kukiri alikwisha kukiri mahali pengine, mbele ya watu wa suti waliomwekea kinasa sauti mezani na kumkaribisha biskuti.

Wawili hawa walikuwa marafiki wa kufa na kuzikana, na wala siwafanyii mzaha kwa sababu ya kazi yao. Kila mmoja alikuwa na kampuni ya mazishi pale Ntlabeni: Mzoxolo upande wa juu wa mto, Fundile ng'ambo. Lakini kabla ya majeneza na magari ya maiti walilala kumbi moja ya jando wakiwa vijana. Siku ya kisu Mzoxolo alitetemeka mpaka meno yakagongana, na Fundile, ambaye zamu yake ilikuwa ya nyuma, akasogea akakaa mbele yake ili akatwe kwanza. Mambo ya kumbini hayasimuliwi, nami siongezi. Nataka tu ujue kwamba walipoitana kwa majina ya koo zao, Mzoxolo Jwarha na Fundile Bhele, haikuwa heshima ya mdomoni.

Sasa dhambi yenyewe. Ilizaliwa Jumatatu. Huko watu huzikwa Jumamosi, Jumapili wazishi wako hoi, kwa hiyo Jumatatu ndiyo siku yao ya kuosha magari na kuonana. Mzoxolo na Fundile walikuwa wakikutana nyumbani kwa mama mmoja mjane aliyeitwa MaDlomo, mwenye kampuni ya tatu, wakaomba pamoja na kunywa chai. Jumatatu moja, baada ya amina na kabla ya chai kumiminwa, Mzoxolo ndiye aliyeanza.

"Jamani, mbona tunauana? Mimi nashusha bei, Bhele anashusha, MaDlomo naye anashusha. Mwisho tutakuwa tunazika watu bure na kuwapa nauli ya kurudi nyumbani."

Wakacheka. Kabla ya kikombe cha pili walikwisha kupanga bei ya jeneza, moja kwa wote, ambayo hakuna atakayeshuka chini yake. Wateja nao wakagawana: wa juu ya mto ni wa Mzoxolo, wa ng'ambo ni wa Fundile, wa vijiji vya barabara kuu ni wa MaDlomo. Mteja wa mwenzako akikujia, unamrudisha alikotoka. Kisha wakafunga kikao kwa wimbo wa kanisa, tena kwa sauti tatu.

Miaka ikaenda. Kila baridi ilipoingia waliongeza bei kidogo, kwa kuwa baridi ndiyo msimu wa vifo. Aliyefiwa hana muda wa kuzunguka akiulizia. Ana maiti mochari, ana wageni njiani, ana ng'ombe wa kuchinja. Walilijua hilo kuliko mtu yeyote. Na Mzoxolo alilala usingizi mnono miaka yote hiyo, kitu ambacho mpaka leo kinanikera kwake. Usingizi wake haukuharibiwa na wafiwa. Uliharibiwa na simu moja.

Siri ilianza kuvuja alipokuja bwana mmoja kutoka mji mwingine, akataka kuuza majeneza ya bei nafuu pale sokoni. Wale watatu wakamwendea mwenye karakana iliyowauzia majeneza wote, wakamwambia achague wa kumwuzia: bwana yule au sisi. Mwenye karakana akawachagua wao. Yule bwana hakupiga kelele. Alikwenda tume ya ushindani, inayowakamata wafanyabiashara wanaopanga bei, akaeleza. Haikupita muda maofisa wakaingia ofisini kwa MaDlomo na hati ya mahakama, wakabeba kompyuta zake. Mama wa watu presha ikampanda, akalazwa.

Jumatatu iliyofuata Fundile alimkuta Mzoxolo uani akifuta vioo vya gari la maiti. Hakuamkia.

"Jwarha, acha hilo gari. Tumekwisha."

"Kaa kwanza. Umekunywa chai?"

"Chai gani? Nimetoka kwa wakili. Anasema hawa watu wana mlango mmoja mdogo. Wa kwanza kuwapigia simu na kukiri kila kitu, faini haimgusi. Wa pili anakwenda na maji."

"Na wawili wakienda pamoja?"

"Nimeuliza. Hawataki. Wanasema lazima awe mmoja, ili wengine wasiaminiane."

Mzoxolo alikunja kitambaa chake mara kadhaa. "Sasa?"

"Sasa nimekuja kwako kabla sijafanya lolote. Ama uende wewe, ama niende mimi, ama tunyamaze wote tuone watatufanya nini. Lakini tusichezeane, ndugu yangu. Hilo tu."

"Tunyamaze, Bhele. MaDlomo yuko kitandani, hasemi kitu. Na kwenye zile kompyuta watakuta nini? Yule mama huzitumia kucheza karata tu."

"Neno lako?"

"Neno langu."

Wakapeana mikono, wakashikana muda mrefu, kama watu waliotoka mbali pamoja.

Gari la Fundile lilikuwa bado linakata kona Mzoxolo aliposhika simu. Alijiambia anauliza tu utaratibu. Alijiambia ana watoto chuoni, ana wafanyakazi, na kwamba hata Bhele akijua angeelewa. Mtu akitaka kumsaliti mwenzake hakosi maneno mazuri ya kujiambia. Sauti ya dada upande wa pili ilikuwa ya upole kabisa.

"Nafasi bado iko wazi, baba. Nikuandike?"

"Niandike," akasema, kwa wepesi wa mtu anayeagiza mkate.

Masharti yalikuwa mawili. La kwanza, aseme yote, asibakize. La pili, siku ya shauri asimame hadharani atoe ushahidi. Hadi siku hiyo jina lake lingefichwa.

Habari kwamba kuna aliyekiri zilienea Ntlabeni bila jina, na jina watu walijitafutia wenyewe. Fundile alikuwa wa kwanza kulisema.

"Ni MaDlomo," alimwambia Mzoxolo wakiwa mezani, Jumapili. "Walimtisha, akamwaga yote."

Mzoxolo alikuwa na kijiko mkononi. Ilikuwa nafasi yake, nayo ilikaa pale mezani ikimngoja.

"Labda," akasema.

Labda hiyo ilitosha. Mke wa Fundile, Nomvuzo, aliisikia, akaipeleka kwenye kwaya, na MaDlomo alipotoka hospitali akirudi kanisani na fimbo, akina mama wa benchi lake walikuwa wamehamia mbele. Alikaa peke yake, akaimba peke yake. Mzoxolo alimwona akitafuta ukurasa wa wimbo bila mtu wa kumwonyesha, na roho ikamsuta vibaya. Unajua alifanya nini? Alimpelekea mfuko wa machungwa. Mama akashukuru mno, akasema ni yeye peke yake aliyebaki kuwa mtu.

Ndiyo maana Jumapili ya mwisho kabla ya shauri alipiga moyo konde. Kesho yake Fundile angemwona akisimama upande wa tume, na afadhali asikie leo kutoka kinywani mwake kuliko kesho kutoka kwenye spika za ukumbini. Alitaka kitu kimoja tu, asamehewe na Fundile. Sheria ilikwisha kumsamehe, na msamaha wa sheria ulikuwa haumfai hata kidogo.

Alimkuta mwenzake ameketi mbele ya gereji iliyobaki na gari moja. La pili alikwisha kuliuza kujiandaa na faini. Barazani, hatua chache kutoka hapo, Nomvuzo alikuwa akipepeta maharage ya umngqusho, makande ya huko, pamoja na jirani yake, mjane mmoja wa makamo aliyeitwa MaMpinga, aliyekuwa akimenya boga.

"Bhele," Mzoxolo akasema kabla hajakaa, maana alijua akikaa hatasema. "Kesho utaniona nimesimama upande wa pili. Aliyepiga simu ni mimi. Siku ile ile, mkono wangu ukiwa bado na joto la mkono wako. Na lile jambo la MaDlomo nililinyamazia. Mimi ni mtu mbaya, ndugu yangu. Silali."

Fundile hakuinua macho. Alikuwa akikwangua tope kwenye kiatu kwa kijiti.

"Najua."

"Unajua nini?"

"Najua ni wewe. Tangu siku hiyo hiyo. Nilipotoka kwako sikufika nyumbani. Nilisimamisha gari pale kituo cha petroli, nikapiga. Dada akaniambia, pole baba, kuna mwenzako amekutangulia sasa hivi."

Mzoxolo akakaa.

"Ulipiga?"

"Nilipiga. Ulidhani nilisimama kununua peremende?"

"Na MaDlomo?"

"MaDlomo alikuwa na mpira wa hewa puani, angepigaje simu? Nilijua si yeye. Lakini ningesema nini, Jwarha? Nikisema ni wewe, ungeniuliza nimejuaje."

Walitazamana. Kisha Fundile akaanza kutikisika mabega, na Mzoxolo akafuata, wakacheka mpaka machozi, watu wazima wawili wenye mvi.

"Yaani tumeshikana mikono pale," Mzoxolo akasema akijifuta, "kila mtu anawaza simu yake iko mfuko gani."

"Wewe ulikuwa na mbio tu. Mimi nilifunga kwanza mkanda wa gari."

Nasikitika kusema kwamba Mzoxolo alifurahi. Alijisikia mwepesi kwa mara ya kwanza tangu alipopiga ile simu. Waliona deni lao limefutika, mmoja kwa mmoja, na hakuna hata mmoja wao aliyemkumbuka mama wa machungwa. Nomvuzo alikuwa ameshika ungo bila kuupepeta, uso umemshuka.

Kisu cha MaMpinga nacho kilikuwa kimesimama.

"Samahani, Jwarha," akasema. "Si adabu kusikiliza maneno ya watu, lakini mmecheka kwa nguvu. Mlikuwa mmeahidiana nini, ninyi watatu?"

"Mambo ya biashara tu, mama," Fundile akasema haraka.

"Kesho yatasemwa hadharani, nimesikia. Basi niambieni leo, kesho sina nauli ya kuja huko."

Mzoxolo alikwisha kuwaeleza watu wa suti mara nyingi, mpaka maneno yamelainika. Hakuwahi kumweleza mtu aliyenunua jeneza. Akajikohoza.

"Kwamba bei iwe moja, mama. Na kila mmoja awe na upande wake. Wa ng'ambo wasihudumiwe kwangu."

MaMpinga alitikisa kichwa taratibu.

"Alipokufa mzee wangu nilivuka daraja nikaja kwako. Unanikumbuka?"

Mzoxolo akajaribu. Akaona wajane, wengi, blanketi mabegani, wakisimama mlangoni pa ofisi yake wakifuta miguu. Nyuso hazikuja.

"Sikukumbuki, mama."

"Uliniambia, mama, wewe ni wa Bhele, rudi kwa Bhele. Ukanipa na maji ya kunywa, jua lilikuwa kali. Nikarudi nikikusifia njia nzima. Nikasema, yule ni mtu mwenye adabu, hamwibii mwenzake mteja. Watu wakikusema vibaya mimi nakutetea. Hata kanisani nimewahi kusimama nikasema."

Fundile alikuwa ameshikilia kile kijiti, hakwangui tena. Kuku walikuwa wakiparua karibu na miguu yao, na Nomvuzo hakuwafukuza.

"Kwako jeneza lingekuwa rahisi?" MaMpinga akauliza. Aliuliza kwa sauti ya mtu anayetaka kujua, bila shari yoyote, na hapo ndipo Mzoxolo alipotamani atukanwe.

"Ndiyo, mama. Kama tusingepanga, lingekuwa rahisi."

"Kwa kiasi gani?"

Watu wa tume walimwuliza swali hilo hilo na aliwajibu kwa asilimia, vizuri, bila kigugumizi. Sasa asilimia hazikutoka.

"Nusu," akasema. "Ungelipa nusu."

MaMpinga aliweka boga chini. Midomo yake ilicheza kidogo bila sauti, kama ya mtu anayepiga hesabu kichwani, na Mzoxolo akaungoja mwisho wa hesabu hiyo kuliko alivyowahi kungoja hukumu yoyote.

"Niliuza maksai wetu wote wawili," akasema. "Wale wa kulimia."

Akaliokota tena boga lake.

"Basi mmoja angebaki. Ningeazima wa jirani, nikalima."